Mwaka Walipouliza Baba wa Chacha

Tulipomzika bibi Nyangi mwezi uliopita, mshereheshaji alikwama alipofika kwangu. Alikuwa kijana wa Tarime mjini, amekodiwa pamoja na spika na turubai, ameshika ratiba yake kama mwalimu wa zamu. Wakaitwa watoto wa marehemu, mabinti watatu, wakaweka mashada. Wakaitwa wajukuu. Wakaitwa wakwe. Halafu akaniona nimesimama pale kaburini na shada langu mkononi, akainama kumuuliza binti mkubwa, "Na huyu mama ni nani kwa marehemu?" Kipaza sauti kilikuwa wazi, watu wote wakasikia. Binti mkubwa akamjibu bila kupunguza sauti, "Ni mke wake." Kijana akadhani anataniwa, akakohoa kidogo, akatangaza, "Sasa tumkaribishe rafiki wa karibu wa familia." Rafiki wa karibu! Miaka ishirini na zaidi nimelima shamba lile, nimepika kwenye jiko lile, nimemwogesha mtu yule alipokuwa hawezi tena kuinama, halafu leo nakuwa rafiki. Nikaweka shada langu nikarudi kukaa. Mwanangu Chacha, ambaye alikuwa ameomba ruhusa ya siku nne kazini, kwenye kambi ya watalii kule Robanda, alikasirika kuliko mimi, ikabidi nimshike shati.

Yule kijana simlaumu. Kwao mjini mambo haya yanakwisha, na hata huku kwetu yanakwisha, na mengine ni heri yakwishe. Zamani mwanamke wa Kikurya asiyejaliwa mtoto wa kiume hakukubali nyumba yake izimike. Alitoa ng'ombe, akaoa msichana, msichana akazaa, na watoto wakaitwa kwa jina la nyumba ile. Ndiyo hiyo inayoitwa nyumba ntobu. Mwanaume anayeleta mimba hakuitwa baba. Aliingia, akala, akaondoka. Siandiki hapa ili niitetee, wala ili niishitaki. Wapo walioolewa hivyo wakiwa watoto kabisa, wakatumikishwa kama punda, na wanaosema ule ni utumwa hawasemi uongo. Mimi nasimulia ya kwangu, tena ya mwaka mmoja tu, mwaka nilipokuwa na miaka ishirini na nikatakiwa kutamka jina moja mbele ya watu.

Habari za nyumbani kwetu naziruka. Inatosha kusema kwamba niliulizwa kama nitakubali, na nikakubali, kwa sababu nilikuwa nimewaona dada zangu wakirudi nyumbani na macho yamevimba, na Nyangi alikuwa anajulikana Gorong'a nzima kwamba mdomo wake ni mkali lakini mkono wake haumgusi mtu. Mumewe, mzee Magige, alikuwa amefariki zamani. Mabinti watatu walikuwa wameolewa, na ng'ombe wa mahari yao ndio waliotolewa kwa ajili yangu. Aliishi peke yake kwenye nyumba ya udongo yenye vyumba viwili, paa la nyasi, ukuta wa katikati haufiki juu, kiasi kwamba mtu akikohoa chumba hiki, wa chumba kile anasema pole. Siku ya kwanza alinionyesha kila kitu kama mtu anayekabidhi ofisi: hapa mtungi, hapa udaga wa muhogo, hapa mtama, kuku huyu anadonoa, jiwe lile la jikoni limepasuka usiliegemeze sufuria kubwa. Kisha akaketi, akatia ugoro puani, akanitazama toka juu hadi chini. Alikuwa mrefu, mwembamba, ndewe za masikio zinaning'inia. "Umekonda," alisema. "Wamenipa mifupa kwa bei ya nyama. Haya, kula." Tulikula ugali wa muhogo na mtama, dagaa na maziwa ya mgando. Nilipocheka nikafunika mdomo, akaniambia, "Hapa hakuna mwanaume. Cheka mdomo wazi." Sijawahi kuambiwa neno la kunistarehesha namna ile, si kabla wala baada.

Mwanaume alikuwepo, lakini kwa utaratibu wake. Mwita alikuwa kijana wa ng'ambo ya mto, alikuja kutulimia kwa jembe la ng'ombe. Nyangi hakuniteulia mtu. Aliniambia nichague mwenyewe, ila asiwe mlevi wala wa ukoo wa Magige. Nikamchagua yeye. Nilimpenda, na leo naandika hivyo bila aibu, maana aibu ya mambo haya huwa inakwisha na meno. Alikuwa na tabia ya kuzungumza na ng'ombe wake kwa adabu, anawaomba, hawapigi. Nilipopata mimba, mgodi mkubwa ulikuwa umeanza kuajiri upande wa Genkuru, na vijana wakahama kama siafu. Mwita naye akaenda. Ikawa anakuja mara moja kwa mwezi, ana mkate mfukoni, sukari, na kofia ngumu ya kazini ambayo hakuivua mpaka awe amesalimia nyumba tatu. Akifika kwetu anasema, "Shikamoo mama," Nyangi anajibu, "Marahaba, mura, kijana wangu. Umekuja kuangalia shamba ulilolima?" Wanacheka wote wawili. Nilidhani mambo yataendelea hivyo.

Chacha alizaliwa wakati wa palizi. Alipotimiza wiki sita tulimpeleka kliniki, mimi na Nyangi, kwa miguu. Nesi alikuwa mgeni, dada wa Njombe aitwaye Tumaini, mpole, gauni lake jeupe limepigwa pasi hadi linakata. Akachukua kadi mpya. Jina la mtoto? Chacha. Jina la baba? Nikasema Magige. Yuko wapi? Amefariki. Akaweka kalamu chini akanishika bega. "Pole sana, mdogo wangu. Alifariki lini?" Kabla sijafungua mdomo, Nyangi akajibu kutoka benchi la nyuma, "Miaka tisa sasa." Nesi akamtazama mtoto, akanitazama mimi, vidole vyake vikaanza kuhesabu vyenyewe juu ya meza.

"Miaka tisa," alisema.

"Ndiyo."

"Na mtoto ana wiki sita."

"Ndiyo, na uzito wake mzuri," alisema Nyangi.

"Mama, naomba usubiri nje kidogo. Nazungumza na mgonjwa wangu."

"Mgonjwa gani? Huyu ni mke wangu."

Wanawake wote waliokuwa foleni wakaangua kicheko, halafu wakaanza kumweleza nesi kwa pamoja, kila mmoja kwa sauti yake, na sisi Wakurya tukieleza jambo mgeni hudhani tunapigana. Masikini Tumaini alisikiliza na kalamu hewani. Mwisho akaandika "Magige, marehemu", akapiga muhuri, akasema kwa sauti ya chini, labda akijisemea mwenyewe, "Haya, na mimi nitawaeleza nini wilayani?" Tulirudi tukicheka njia nzima. Sikujua kwamba tumebeba kesi kwenye kile kikaratasi.

Mwisho wa mwezi Mwita akaja. Mara hii alileta na blanketi la mtoto, la bluu, lina picha ya dubu. Akakaa kwenye kigoda karibu na mlango, pale wanapokaa wageni, akambeba Chacha, na wakati namkorogea uji akaichukua ile kadi iliyokuwa imechomekwa kwenye fito za ukuta. Nilipogeuka alikuwa anasoma mstari ule na kidole, kama mtoto wa darasa la kwanza.

"Marehemu ni mimi, Rhobi?"

"Si wewe. Ni mzee."

"Mzee huyu nilimzika mimi. Nilishika koleo. Mtoto ana pua yangu, ana masikio yangu, kila mtu anaona. Mimi niko hai."

Nilimwambia anajua desturi, alijua toka siku ya kwanza. Akasema ndiyo, alijua, ila alikuwa hajamwona mtoto. Kisha akanieleza yaliyobaki. Kule Genkuru ameokoka. Mchungaji amewafundisha kwamba mwanaume anaoa mwanamke mmoja, kanisani, kwa cheti, na mtoto wake anaitwa kwa jina lake. Amepanga chumba cha bati, sakafu ya saruji, umeme unakaribia. Atarudisha ng'ombe wa Nyangi kidogo kidogo. Mimi nitakuja, na Chacha atakuja, naye ataitwa Chacha Mwita. "Mama abaki na mabinti zake," alisema. "Damu ni nzito kuliko maji." Nyangi alikuwa nje anapepeta mtama, na kuta za nyumba ile hazikuzuia neno. Ungo ukanyamaza. "Damu nzito kuliko maji," alisema kutoka nje. "Na ng'ombe je, mura? Ng'ombe ni mwepesi?" Mwita hakucheka. Akanirudishia mtoto, akaenda moja kwa moja kwa mtendaji wa kata kufungua shauri.

Ndipo kila mtu akapata la kusema. Katika wiki zile wakaja akina mama wa shirika kutoka Dar es Salaam, wana gari jeupe lenye bendera, wakatukusanya shuleni kwa semina. Tulipewa soda na biskuti. Mama mmoja mwenye miwani, sauti yake nzuri ya redioni, alituambia ndoa ni kati ya mwanaume na mwanamke, na kwamba msichana si ng'ombe hata abadilishwe na ng'ombe. Niliona ni kweli. Akaniita mbele, kwa sababu alikuwa ameshasikia habari zangu, akaniuliza, "Dada Rhobi, wewe unajisikiaje?" Hakuna mtu aliyewahi kuniuliza swali lile. Nilisimama na chupa ya soda mkononi, nikasema najisikia vizuri, asante, na watu wakacheka, nikakaa. Tulipokuwa tunarudi Nyangi alitembea mbele yangu. Kisha akauliza, "Yule mama ana mtoto wa kiume?" Nikasema alisema anao wawili. "Ndiyo maana," alisema.

Siku nyingine walikuja wazee wa ukoo wa Magige, wanne, wakakaa chumba cha mbele na chungu cha pombe, mrija unazunguka. Mimi nilikuwa upande wa pili wa ukuta namenya muhogo, na hawakujali kama nasikia au sisikii. Walimwambia Nyangi kwamba akilegea, nyumba ya Magige imekufa, na si yake tu, kila ntobu wa tarafa nzima atanyang'anywa mtoto, maana kila mtoto ana mwanaume mahali fulani. Walimwambia anifukuze mimi abaki na mtoto. "Msichana aende kwa huyo mlokole wake. Chacha habanduki." Nikasikia Nyangi anavuta ugoro, anapiga chafya. "Mtoto ananyonya, wazee," alisema. "Mtamnyonyesha nyinyi? Wewe Tata Ryoba, una maziwa?" Wakakasirika, wakamaliza pombe haraka wakaondoka. Aliingia jikoni akachukua kisu kingine, akakaa mbele yangu, tukamenya muhogo pamoja. Nilitaka aniulize. Nilitaka aseme, Rhobi, unataka kwenda? Ningemwambia ndiyo. Lakini hakuuliza, na mimi kwa desturi nilikuwa kama mkamwana wake, mkamwana haanzi neno kama lile. Watu tunaosifika kwa kusema kila kitu kwa sauti tulikaa wiki tatu chini ya paa moja tukizungumzia kuku.

Uamuzi wangu nilikuwa nimeshaufanya. Naandika hili waziwazi kwa sababu watu wengi wamelisimulia tofauti. Nilikuwa nimeamua kumtaja Mwita. Nilikuwa nafanya mazoezi mtoni nikichota maji: Baba wa mtoto ni Mwita. Baba wa mtoto ni Mwita. Nilitaka sakafu ya saruji. Nilitaka kusimama kanisani na gauni, na mtu wa kuniita mke bila kucheka wala kueleza. Nilimtaka yeye. Nyangi nilimpenda pia, lakini mtu akiwa na miaka ishirini hufikiri kwamba wazee watajipanga wenyewe.

Baraza lilikaa kwenye darasa la shule siku ya Alhamisi, asubuhi, wanafunzi wametolewa nje wanachungulia madirishani. Mtendaji alikuwa mtu wa Singida, mtaratibu, ameweka kadi ya kliniki mbele yake juu ya faili. Upande wa kulia akakaa Mwita na mjomba wake na watu wawili wa kanisani. Alikuwa na shati jipya jeupe, mikunjo ya dukani bado inaonekana kifuani. Upande wa kushoto wakakaa wale wazee wanne, na Nyangi amekaa mbele yao kwenye dawati la watoto, magoti yamempanda hadi kidevuni. Mimi nilisimama katikati, Chacha amelala mgongoni.

Mwita alieleza ya kwake vizuri, bila matusi. Kisha Nyangi akaruhusiwa. Alisimama, akasema ng'ombe alitoa, mashahidi wapo, mtoto amezaliwa ndani ya nyumba yake, kitovu chake kimezikwa kwenye boma lake. Halafu akatoa silaha yake. Alikuwa ameipata kwa mzee Shabani, fundi cherehani wa Tarime, mtu ambaye babu yake alitoka pwani, na alikuwa ameibeba kwa wiki nzima kama yai. "Hata Waswahili wenyewe, mheshimiwa, wanasema kitanda hakizai haramu." Mtendaji akatikisa kichwa kwa kukubali, maana methali aliijua. Lakini mjomba wa Mwita akadakia, "Kitanda kipi, bibi? Kile cha wanawake wawili?"

Darasa zima likalipuka. Wajumbe walicheka, watu wa kanisani walicheka, watoto madirishani walicheka bila kujua wanacheka nini, hata mzee mmoja kati ya wale wanne aliziba mdomo na kofia. Mwita peke yake hakucheka, hilo lazima nimpe. Nami nikamtazama Nyangi. Nilitegemea atamrarua yule mjomba, maana mdomo alikuwa nao. Badala yake alicheka. Alicheka pamoja nao, kicheko kidogo cha kuazima, anaangalia huku na huku kuona kama amecheka vya kutosha, kisha akajikunja akarudi kwenye kile kidawati. Mimi nilikuwa nimekaa na mwanamke yule zaidi ya mwaka. Kicheko chake nilikijua, kilikuwa kinasikika ng'ambo ya mto. Hicho hakikuwa chake.

Mtendaji akagonga meza. "Mama mtoto, na wewe sasa. Mimi nataka kujaza hapa jina moja tu. Baba wa mtoto huyu ni nani?"

"Magige," nilisema. "Mtoto ni wa Mama huyu."

Nilijisikia nikisema. Mtendaji akaniuliza kama nimelazimishwa, nikasema hapana. Akaniuliza kama namjua Mwita, nikasema namjua, ametulimia. Huo ndio uongo mbaya kuliko yote niliyowahi kusema, na niliusema kwa maneno ambayo yote ni ya kweli. Mwita alisimama. Alikuja nyuma yangu, nikahisi ameushika mguu wa Chacha uliokuwa unaning'inia kwenye kanga, ameushika kidogo tu. Halafu akatoka, watu wa kanisani wakamfuata, mlangoni akaivaa kofia yake ngumu. Hakuniangalia. Ningekuwa yeye nami nisingejiangalia.

Njia ya kurudi ilikuwa ya saa moja, na Nyangi aliifanya ya saa tatu. Kila boma alisimama. "Mmesikia? Ameulizwa mbele ya serikali, mbele ya Singida nzima, akanitaja mimi! Mke wangu amenichagua!" Wanawake wanatoka na vijiko mkononi, wanapiga vigelegele, ananishika mkono ananionyesha kama ng'ombe aliyeshinda maonyesho, na mimi machozi yananitoka, wanasema, mwone, analia kwa furaha. Katikati ya njia, mahali ambapo hapakuwa na boma, akapunguza mwendo. Aliniambia kwamba Jumanne alikwenda peke yake kwa mtendaji, wazee hawajui. Alimwambia aandike lolote nitakalosema, na nikimtaja Mwita yeye hatakata rufaa, ng'ombe warudishwe wakipatikana.

Nilisimama. "Mbona hukuniambia, Mama?"

"Ningekuambia, ungesema ninalotaka mimi. Nilitaka kusikia la moyoni mwako. Sasa nimelisikia."

Nilikuwa na nafasi pale. Gari la kwenda Nyamongo, kule mgodini, lilikuwa linaondoka mchana, na Mwita angekuwa bado anasubiri kituoni, ningeweza kugeuka na mtoto mgongoni nikakimbia. Nilimtazama usoni. Mtu ambaye asubuhi ile alikuwa amejikunja kwenye dawati la watoto sasa alikuwa amesimama na urefu wake wote. Kabla sijasema neno lolote akawa ameshaanza kutembea tena, na boma la mbele lilikuwa la watu sita, akaanza kuwaita kwa mbali. Nikamfuata.

Mwita alifunga ndoa mwaka uliofuata na dada wa kwaya, wakapata watoto watano. Tukikutana mnadani tunasalimiana vizuri, na Chacha anamwita Mzee Mwita, na wote wawili, wenye pua ile ile, wanasimama wanazungumzia mvua. Nyangi alinipeleka kwa mzee Shabani kujifunza cherehani, akawa anabaki na mtoto wiki nzima, na kwa ushonaji wangu tuliezeka bati, tukaweka saruji. Chacha alisoma hadi kidato cha nne. Siku hizi anaongoza watalii mchana, na wakati wa chai ya jioni anavaa shuka jekundu anawachezea ngoma ya Kimasai, kwa sababu ndivyo wageni wanavyotegemea. Bibi yake aliona picha kwenye simu akasema, "Nilitoa ng'ombe wote wale nipate Mmasai?" Ile habari ya baraza aliisimulia kila harusi, kila msiba, kila mgeni. Na mimi nikawa nakaa pembeni nikiisikiliza, ninajua kwamba haikuwa hivyo, kwamba sikuchagua, nilimwonea huruma tu. Miaka yote ile nilibeba hilo peke yangu. Kuna siku nilimchukia kwa furaha yake.

Juma lake la mwisho alilazwa Tarime. Mabinti zake walikuwa wametoka kwenda kutafuta chakula, tulikuwa wawili tu na wagonjwa wengine, namlisha uji kwa kijiko. Akageuza mdomo pembeni. "Siku ile ya baraza," alisema, "ulinionea huruma, siyo?"

Nilifikiri nidanganye. Lakini alikuwa amenishika mkono na alikuwa ananitazama kama siku ya kwanza, toka juu hadi chini.

"Ndiyo, Mama," nilisema. "Nilikuonea huruma."

"Nilijua," alisema. "Nilijua palepale. Wewe unadhani nilipiga kelele njia nzima kwa nini? Nilitaka watu wote wasikie kabla hujageuka."

Kwanza nilipandwa na hasira, hasira ya kweli, nikaweka bakuli chini. Miaka yote ile! Mwanamke huyu alikwenda kwa mtendaji Jumanne kuniachia, na Alhamisi alipopewa alichokuwa amekiacha akakikamata kwa mikono miwili akakimbia nacho. Nilitaka kumwambia kuhusu chumba cha bati, kuhusu mazoezi yangu pale mtoni. Nikamtazama, naye ananisubiri, jicho moja limefumba, uji umemganda kidevuni, na nikaona ameanza kutetemeka mabega. Alikuwa anacheka. Alicheka kile kicheko chake mwenyewe, cha ng'ambo ya mto, kilichobaki kidogo tu, na mimi nikakishika nikacheka naye, mdomo wazi, hadi nesi akaja kutuambia tunawasumbua wagonjwa.